Mtambaazi Yupi?

Muswada ulirudi ukiwa na alama chache kuliko nilivyotarajia. Koma mbili zilikuwa zimehamishwa, neno moja lililojirudia lilikuwa limekatwa, na katika ukurasa wa nne, kwenye pambizo, mhariri wangu alikuwa ameandika maneno mawili kwa penseli. Alikuwa amepigia mstari sentensi niliyoipenda kuliko zote, ile inayomweleza mwenyekiti wa jopo lililonihoji miaka mingi iliyopita na kuninyima kazi niliyoitaka sana: "Alinitazama kwa macho ya kitambaazi." Pembeni yake aliuliza: "Mtambaazi yupi?"

Nilicheka, kisha nikaudhika, kisha nikampigia simu.

"Dada, msomaji ataelewa," nilimwambia.

"Ataelewa nini, mdogo wangu? Mjusi na mamba hawatazami sawasawa. Wewe ulimwona yupi?"

Nilimjibu kwamba nitalifikiria, nikiamini kuwa ni jambo la jioni moja. Wiki sita zimepita tangu siku hiyo, nami nimesoma juu ya magamba, kope na halijoto ya damu kuliko nilivyowahi kusoma juu ya jambo lolote ambalo halikuwa na mtihani mwishoni.

## Kitenzi na jina lake

Jina la kundi hili katika Kiswahili limesimama juu ya kitenzi kimoja tu, kutambaa. Mtambaazi ni atambaaye, na wako wanaopendelea kusema mtambaachi. Wafasiri wa Biblia hata hawakujisumbua kutafuta jina: katika sura ya kwanza ya Mwanzo waliandika "kitambaacho", wakakiachia kitenzi kazi yote, nacho kikawabeba wadudu na mijusi kwa pamoja. Vitabu vya biolojia hutumia pia reptilia, neno lenye sura ya kitaalamu zaidi, lakini ukilifungua unakuta ndani yake kitu kilekile, kwa kuwa linatokana na kitenzi cha Kilatini repere, yaani kutambaa. Wagiriki nao walikuwa na herpein, kutambaa, ambako limetoka jina la elimu ya wanyama hawa, hepetolojia, na pia jina la ugonjwa wa hepesi, kwa sababu vidonda vyake vilionekana kama vinavyotambaa juu ya ngozi.

Basi lugha tatu zilimtazama mnyama, zikaona tumbo lililo karibu na ardhi, zikaridhika.

Kilichonishangaza ni kwamba kitenzi chetu hakina ubaya wowote. Mtoto akianza kutambaa watu humpigia makofi. Mmea hutambaa, moshi hutambaa, uvumi hutambaa kutoka nyumba hadi nyumba, na wajenzi wana boriti waiitayo mtambaapanya, kwa heshima ya mpita njia ambaye hakuna kamusi iliyowahi kumweka katika kundi la watambaazi. Hakuna anayemwogopa mtoto kwa kuwa anatambaa. Ubaya niliokuwa nikiutaka katika sentensi yangu haukuwamo katika neno. Nilikuwa nimeuleta mwenyewe kutoka kwingine.

Isitoshe, wengi wa wanaoitwa hivyo hawatambai. Mamba huweza kuinua tumbo lake na kutembea akiwa amesimama juu ya miguu minne. Kasa huogelea maisha yake yote, na jike hupanda ufukweni kwa ajili ya kutaga tu. Kinyonga hushika tawi kwa vidole vilivyogawanyika kama koleo, akapiga hatua moja kwa shaka kubwa, akaifikiria, ndipo akapiga ya pili. Anayetambaa kweli ni nyoka, naye, kwa sadfa ya sauti ambayo hunichekesha kila nikiikumbuka, jina lake limepungukiwa na o moja tu ili lisomeke kama kitenzi cha kunyooka.

## Kila mmoja na kesi yake

Nilianza kumjibu mhariri kwa njia iliyo wazi, yaani kujaribu mnyama mmoja baada ya mwingine katika sentensi ileile.

Niliandika "macho ya nyoka". Mara sentensi ikajaa sumu na usaliti, ikaja na methali yake kabisa, kwamba mtoto wa nyoka ni nyoka, nami nikajikuta nimemhukumu mtu pamoja na ukoo wake. Wakati huohuo nyoka alikuja na sifa nyingine ambayo sikuwa nimeiagiza, kwa maana Injili ya Mathayo inawaambia wanafunzi wawe na busara kama nyoka. Sikutaka kumpa mwenyekiti yule busara.

Niliandika "macho ya mamba". Picha ilikuwa nzuri, kwa kuwa mamba aliyezama huacha macho na pua tu juu ya maji, lakini Kiswahili kimekwisha kuyapa macho ya mamba kazi nyingine, ile ya kutoa machozi ya uongo. Mwenyekiti hakulia, wala hakujifanya ananihurumia. (Wale wanaopenda kujua: utafiti uliochapishwa mwaka 2007 uliwachunguza jamaa saba wa mamba waliozoezwa kula nchi kavu, na watano kati yao walitokwa na machozi au mapovu machoni walipokuwa wakila. Kwa hiyo machozi yapo. Unafiki ndio uliobuniwa.)

Niliandika "macho ya kinyonga", nikafuta kabla wino haujakauka. Macho ya kinyonga huzunguka kila moja kivyake, moja likitazama mbele na jingine nyuma, na binadamu aitwaye kinyonga ni yule anayebadilika kila anapokaa. Huyu wangu hakubadilika hata kidogo, na laiti angebadilika.

Kenge sikumjaribu kwa dhati. Kenge ni tusi la kumaliza mazungumzo. Ndiye asiyesikia mpaka damu imtoke masikioni, ndiye ajipenyezaye mahali asipostahili, kama tusemavyo kwamba katika msafara wa mamba na kenge wamo. Mwenyekiti hakuwa kenge. Kama kulikuwa na kenge katika msafara ule, kwa jinsi jopo lilivyoniona, alikuwa mimi.

Kuhusu kobe, sidhani kama yupo mtu aliyewahi kutukanwa kwa macho ya kobe.

Kwa zoezi hilo nilielewa kwa nini nililipenda neno langu. Nyoka, mamba, kinyonga, kenge na kobe kila mmoja ana kesi yake, na ukimtaja mmoja unalazimika kuithibitisha kesi hiyo. "Kitambaazi" halikuwa na kesi yoyote. Lilikuwa na harufu ya ubaya bila shtaka, na kwa hiyo halikuweza kukanushwa. Lilikuwa jiwe la gizani, nalo nililirusha kwa raha zote.

Tena halikuwa hata neno lenye mizizi. Kiambishi ki- cha namna hukubali mengi, lakini kina hila zake. Kinyoka ni kwa namna ya nyoka, ilhali nyoka mdogo ni kijoka, na akikuzwa anakuwa joka. Mjusi ukimfanyia hivyo unapata kijusi, neno ambalo msomaji wa leo atalielewa kuwa ni mtoto aliye tumboni mwa mama yake. Nikamfikiria msomaji anayekutana na mwenyekiti mwenye macho ya kijusi, nikaufunga muswada kwa siku tatu.

## Jicho la mwaka 1758

Nilipokwama katika lugha niligeukia historia ya uainishaji, nikitumaini kwamba wanasayansi walikuwa waangalifu kuliko mimi.

Hawakuwa.

Carl Linnaeus, Mswidi aliyetupa utaratibu wa kuwaita viumbe kwa majina mawili ya Kilatini, aliwaweka nyoka, mijusi, kobe na vyura katika tabaka moja aliloliita Amphibia. Katika toleo la 10 la kazi yake kuu, la mwaka 1758, aliwaeleza kwa orodha ambayo haifanani na sayansi hata kidogo: mwili wa baridi, rangi mbaya, ngozi ya kuchukiza, uso wa ukali, harufu mbovu, sauti ya kukwaruza, makazi machafu, sumu ya kutisha. Akahitimisha kwamba ndiyo maana Muumba wao hakujivunia kuumba wengi wa aina hiyo. Leo spishi za reptilia zilizokwisha kuorodheshwa, bila kuhesabu chura hata mmoja, zimepita 11,000.

Katikati ya orodha ile kuna maneno mawili ya Kilatini yaliyonifanya nisimame: obtutu meditabundo. Maana yake ni utazamaji wa mtu anayetafakari, jicho lililotulia kana kwamba linapanga jambo.

Hilo ndilo jicho nililomvika mwenyekiti wangu. Sikuwa nimelisoma popote kwa Linnaeus, lakini nilikuwa nimelirithi, limepita katika riwaya, tafsiri na sinema zisizo na idadi hadi likanifikia likiwa limevaa Kiswahili changu kama nguo ya kuazima. Nilidhani nimeandika nilichokiona. Inawezekana kabisa kwamba niliandika alichokichukia Mswidi mmoja wa karne ya 18.

Miaka kumi baadaye, mwaka 1768, Josephus Laurenti, mwanasayansi wa Austria, aliwapa wanyama hawa jina la Reptilia, naye pia akawachanganya na vyura. Vyura walikuja kutengwa baadaye, na katika zama zetu kundi limezidi kuyumba, kwa kuwa imebainika kwamba ndugu wa karibu wa mamba walio hai ni ndege. Mamba na njiwa wana undugu wa karibu kuliko walio nao mamba na mjusi. Tukiwaita mamba na mjusi watambaazi huku tukimwacha njiwa nje, tunafanya kama ukoo unaomfuta binti kwa sababu ameolewa mbali na kujifunza kuruka. Ikiwa kundi lenyewe limekusanywa kwa macho ya waliochukizwa nalo, sifa ya "kitambaazi" ingeweza kuwa sifa ya nani hasa?

## Baridi

Hapa nilijaribu kujitetea. Nilijiambia kwamba hata kama jicho ni la kurithi, ubaridi ni wa kweli: watambaazi wana damu baridi, na mtu yule alikuwa baridi.

Utetezi huu haukudumu. Mjusi hana damu baridi. Ana damu inayofuata joto la mahali alipo, na yeye huchagua mahali hapo kwa bidii kubwa, akihama kutoka kivulini hadi juani na kurudi kivulini siku nzima. Wapo mijusi wa jangwani ambao hufanya shughuli zao wakiwa na joto la mwili linalokaribia nyuzi 40, wakati mwanadamu anayemwita mjusi huyo baridi anaishi kwa nyuzi 37. Mwaka 2016 watafiti walionyesha kwamba tegu, mjusi mkubwa wa Amerika Kusini, katika msimu wa kuzaliana huweza kujipasha hadi nyuzi 10 zaidi ya joto la shimo lake usiku, bila msaada wa jua. Mamba jike husikia wanawe wakilia ndani ya mayai, hufukua kiota, na kuwabeba hadi majini katika kinywa kilekile tunachokiogopa. Ukiugusa mwili wa nyoka ukitarajia ute, unakuta ngozi kavu na safi.

Nilijaribu pia ule msemo unaopendwa na washauri wa maisha na wa biashara, kwamba ndani ya kila mtu kuna ubongo wa mtambaazi unaojua njaa, hofu na ubabe tu. Wazo hilo lilienezwa kuanzia miaka ya 1960 na daktari wa Marekani, Paul MacLean, aliyeupanga ubongo wa mwanadamu katika ngazi tatu, ya chini kabisa ikiwa ya reptilia. Wanaolinganisha ubongo wa wanyama mbalimbali wamekwisha kuliacha. Sehemu alizozihesabu kuwa za reptilia zinapatikana hata kwa samaki, na reptilia nao wana ubongo wa mbele uliopita njia yake wenyewe kwa mamilioni ya miaka. Hakuna mjusi aliyefungiwa ghorofa ya chini ya kichwa cha mtu yeyote. Hata hivyo msemo unaendelea kuuzwa vizuri, nadhani kwa sababu unatupa mtu wa kumsingizia.

Wale wanaoamini kwamba watawala wa dunia ni reptilia waliovaa ngozi ya binadamu nitawapita haraka. Kura ya maoni ya mwaka 2013 nchini Marekani iliwakuta asilimia 4 ya wapiga kura waliohojiwa wakikubali jambo hilo. Niliwacheka, kisha nikakumbuka sentensi yangu ya ukurasa wa nne.

## Ulimi juu ya jicho

Usiku mmoja katika wiki ya nne nilikuwa nimekaa mezani bila kuandika lolote, na ukutani, karibu na taa, alikuwapo mjusi kafiri. Kwa mara ya kwanza maishani nilimtazama mmoja wao kwa zaidi ya dakika moja.

Ngozi ya tumbo lake ilikuwa nyembamba kiasi kwamba mwanga ulikuwa kama unaingia ndani. Mboni ya jicho ilikuwa ufa wa wima, mwembamba kama mkwaruzo wa sindano. Mdudu mdogo mwenye mbawa alitua umbali wa shibiri moja. Mkia wa mjusi ukaanza kucheza taratibu kwenye ncha, huku mwili wote ukiwa umeganda, na sekunde chache baadaye mdudu hakuwapo. Nilichokuwa sikijui ni kile kilichofuata. Alitoa ulimi, mpana na wa rangi ya waridi, akaupitisha juu ya jicho la kushoto kutoka chini hadi juu, kama mtu anayefuta kioo kwa kitambaa chenye maji. Akatulia. Kisha akafanya vivyo hivyo kwa jicho la kulia.

Mjusi kafiri hana kope za kufumba. Jicho lake limefunikwa kwa gamba lililo wazi kama kioo, sawa na la nyoka, na kwa kuwa hawezi kulisafisha kwa kupepesa, hulilamba. Kutopepesa kwake, ambako sisi tumekusoma kama ukatili, uchawi au hesabu za siri, ni ukosefu wa kope. Mijusi wengine wengi wana kope na hupepesa kama sisi. Mamba anazo, na juu ya hizo ana utando wa tatu unaopita jichoni anapozama.

Nilimpigia mhariri asubuhi nikiwa na furaha ya mtu aliyefumbua fumbo.

"Dada, nimempata. Kama hapepesi, basi ni nyoka au ni mjusi kafiri. Na nyoka tulikwisha kumkataa."

"Basi andika mjusi kafiri."

Niliandika: "Alinitazama kwa macho ya mjusi kafiri." Nilimsomea. Kimya kilikuwa kirefu, kisha tukacheka wote wawili mpaka simu ikakatika. Mwenyekiti wa jopo, suti yake, meza yake ndefu na mafaili yake, vyote vilikuwa vimening'inia ukutani karibu na taa vikisubiri mdudu.

Alipopiga tena aliuliza swali la pili, na hili halikuwa la penseli.

"Una hakika hakupepesa?"

## Waziri na matundu yake

Sikuwa na hakika. Nilikaa na swali hilo siku nzima, nikijaribu kuurudisha uso ule, na kila niliporudisha nilipata jicho la Linnaeus, si la mtu. Nilichokumbuka bila shaka yoyote kilikuwa kitu kidogo cha kuaibisha: mkono wake wa kulia ulikuwa ukicheza na kifuniko cha kalamu, ukikivua na kukivisha, na kulikuwa na mlio mdogo kila kiliporudi mahali pake. Macho yake sikuyakumbuka kwa sababu, kadiri ninavyoweza kujua sasa, sikuyatazama.

Katika siku hizohizo nilikutana na hadithi ya Otto von Bismarck, waziri mkuu wa Prussia, dola ya Kijerumani ya wakati huo. Mwaka 1866 Prussia iliuteka ufalme jirani wa Hanover na kumwondoa mfalme wake, na baadaye ikazishikilia mali zake. Mnamo Januari 1869 Bismarck alisimama bungeni kutetea hatua hiyo, akasema kwamba fedha zinahitajika ili kuwafuatilia reptilia waovu hadi ndani ya matundu yao. Alikuwa akiwasema mawakala waliomtumikia mfalme aliyeondolewa. Fedha hizo zilitumika kwa siri kuwahonga waandishi na magazeti yaiandike vizuri serikali yake, na umma ulipolitambua hilo, ulilichukua neno la waziri mwenyewe na kuligeuza. Mfuko ukaitwa mfuko wa reptilia. Magazeti yaliyohongwa yakawa magazeti ya reptilia. Waliobandikwa jina hatimaye ni wale waliokula mkononi mwake, nalo likabaki katika Kijerumani muda mrefu baada yake.

Kilichofanya neno ligeuke kirahisi hivyo ni ile maana yake ya mwanzo. Katika lugha kadhaa za Ulaya, kabla ya reptilia kuwa mtu katili na baridi, alikuwa mtu anayejikunja mbele ya wakubwa, anayejiburuza, asiye na uti wa kusimama. Katika Kiingereza cha karne ya 18 hilo lilikuwa tusi la mtu duni, si la mtu mwenye nguvu. Na hiyo, ukirudi kwenye repere, ndiyo maana iliyo karibu zaidi na kitenzi. Atambaaye ni aliye chini.

Niliisoma sehemu hiyo mara mbili, kisha nikakiona chumba kile upya.

Mwenyekiti alikuwa amekaa wima. Aliyekuwa ameinama alikuwa mimi. Niliingia nikiwa nimeomba radhi mlangoni kwa kosa ambalo sikulijua. Nilikaa kwenye ukingo wa kiti. Niliambiwa kwamba vyeti vyangu havitoshi nikasema ndiyo. Niliambiwa kwamba huenda kazi yenyewe ni kubwa kwangu nikasema ndiyo. Nilitajiwa mshahara ulio pungufu kuliko uliotangazwa nami, kabla sijaulizwa kama ninaukubali, nilisema ndiyo, mheshimiwa, hata nusu yake. Sauti yangu ilikuwa imeshuka mpaka mjumbe mmoja akaniomba nirudie. Ikiwa kulikuwa na mtambaazi yeyote katika chumba kile kwa maana ya kitenzi, ile isiyo na magamba wala mkia, sikuhitaji kumtafuta ng'ambo ya meza.

Sikuipenda hata kidogo sentensi hiyo ilipokuja. Nilijaribu kuikataa kwa siku kadhaa. Nilijiambia kwamba huku ni kujidhalilisha mara ya pili, kwamba mtu anayeomba kazi akiwa na dhiki hatambai, anaomba tu, na kwamba jopo lenye haya lisingefurahia. Bado naamini hivyo. Bado naamini pia kwamba mtu yule aliona ninavyoshuka, akaniacha nishuke. Lakini hayo ni mambo ya kusimuliwa kama yalivyotokea, na neno "kitambaazi" lilikuwa limeketi mahali pa masimulizi hayo yote, likimfanya yeye mnyama ili mimi nisieleze nilichofanya kwa magoti yangu na sauti yangu.

## Simu ya mwisho

"Basi nimeelewa, dada," nilimwambia. "Nilimwonea. Nitaiondoa sentensi, na labda niongeze kwamba huenda naye alikuwa na siku mbaya."

"Nani kakwambia umhurumie?" Alionekana kuudhika kwa mara ya kwanza. "Huyo mtu kwangu anaweza kuwa mbaya kuliko ulivyoandika. Mimi nilitaka kumwona tu. Uliniambia mtambaazi, nikatazama, sikuona kitu."

Nilimuuliza kama ninaweza kulibakiza neno mahali pengine, katika aya ya kuingia mlangoni, kwa ajili yangu mwenyewe. Alifikiri kidogo.

"Mtambaazi hapana. Kutambaa labda. Lakini jaribu kwanza bila."

Nilijaribu bila. Ukurasa wa nne sasa hauna mnyama yeyote, na mahali penye ule mstari wa penseli pamesomeka hivi:

"Hakusema neno. Alikivua kifuniko cha kalamu yake, akakivisha, akakivua tena, nami, kabla hajaniuliza lolote, nilikuwa nimekwisha kusema ndiyo."